Achari ya Mamumunye: Kinachohifadhi ni Siki, Si Jua Wala Kifuniko

Mvua za Dodoma zinapokaribia kukatika, kati ya Machi na Aprili, mamumunye hujaa sokoni kwa wakati mmoja na bei yake huanguka kwa kiasi ambacho mkulima huona afadhali kuyaachia shambani kuliko kulipia usafiri. Ni jambo la kupongezwa kwamba kaya nyingi na vikundi vya akina mama vimeanza kuyageuza kuwa achari badala ya kuyatupa, na maelezo haya hayakuandikwa kumkatisha mtu tamaa. Yameandikwa kwa sababu msimu huu ofisi yetu ya ukaguzi wa chakula imepokea malalamiko mengi kuliko ilivyozoea, karibu yote ya aina moja: chupa iliyovimba, kifuniko kilichoruka, au achari iliyotoa povu kabla haijamaliza mwezi kabatini.

Mama mmoja kutoka Hombolo alituletea chupa yake akiwa ameifunga kwa upande wa khanga, kana kwamba amebeba mayai. Kifuniko cha bati kilikuwa kimetuna katikati kama andazi, na pembeni mwa shingo ya chupa ulikuwa umeganda ute wa rangi ya manjano. Baada ya kusalimiana, mbukwa kwa mbukwa, akauliza swali ambalo huulizwa karibu kila wiki: “Mwanangu, nikiichemsha tena si itafaa?” Nilimjibu kwamba haifai, mama, na nikamwomba asiifungue. Hakuridhika. Aliniambia kwamba aliianika juani siku tatu mfululizo, akaimwagia mafuta juu, na kifuniko alikikaza kwa nguvu zake zote. Katika sentensi hiyo moja alikuwa amekusanya makosa matatu makubwa tunayokutana nayo, na yote yana asili inayoeleweka.

Mkoa wetu una utamaduni wa zamani wa kuhifadhi mboga kwa kukausha. Mlenda huanikwa, husagwa na kuwekwa hadi kiangazi, na haumdhuru mtu, kwa kuwa vijidudu haviwezi kuzaliana pasipo maji. Ndiyo maana watu wengi wanaamini kwamba jua ndilo linalohifadhi. Jua huhifadhi kwa kuondoa maji, na mboga iliyo ndani ya chupa iliyofungwa haiwezi kupoteza hata tone moja. Kuianika chupa hiyo ni kuipatia joto la vuguvugu, ambalo ndilo vijidudu wanalolipenda. Mafuta nayo yanayomwagwa juu, pamoja na kifuniko kilichokazwa, huzuia hewa, na kuna kijidudu kimoja, Clostridium botulinum, ambacho kinahitaji hasa mahali pasipo hewa ili kitengeneze sumu yake. Sumu hiyo hupoozesha misuli, ikiwamo ya kupumulia, na chakula chenye sumu hiyo kinaweza kuwa hakina harufu, ladha wala rangi ya kumshtua mlaji. Kwa hiyo hoja ya “mimi huwa nainusa kwanza” tunaomba iachwe.

Mumunye kwa asili halina uchachu wa kutosha. Wataalamu hupima uchachu kwa kipimo cha pH, ambacho kadiri namba yake inavyopungua ndivyo uchachu unavyozidi, na mumunye bichi husoma karibu na 6. Kijidudu nilichokitaja hakiwezi kukua chini ya 4.6. Mbegu zake hustahimili maji yanayochemka, na huuawa kwa joto la nyuzi 121 ndani ya mashine ya mgandamizo, si katika sufuria. Hii ndiyo sababu hakuna muda wowote wa kuchemshia nyumbani unaoweza kuifanya chupa ya mumunye lisilo na siki kuwa salama, hata ukiichemsha kutwa nzima. Siki ndiyo inayoishusha achari chini ya 4.6, nasi humshauri mtengenezaji alenge 4.0 au pungufu ili abaki na nafasi ya kukosea.

Siki ninayoizungumzia ni ile ya dukani yenye asidi ya asilimia 5, na asilimia hiyo huandikwa kwenye lebo. Ikiwa haijaandikwa, au imeandikwa 4, itumie kwenye kachumbari ya kuliwa siku hiyo hiyo. Hapa Dodoma wapo wanaochachua zabibu au divai iliyobaki hadi igeuke siki, na nakiri kwamba baadhi yake ni tamu sana kwenye saladi, lakini haina kipimo kinachojulikana, na ya wiki hii si ya wiki ijayo. Ukwaju na ndimu vina tatizo hilo hilo. Ukitaka ladha ya ukwaju, ongeza kidogo juu ya siki, usipunguze siki. Sukari unaweza kuipunguza ukipenda, viungo vikavu unaweza kuvibadilisha, ila uwiano wa mboga na siki hauguswi.

Uwiano tunaoufundisha ni vikombe vinne vya mboga zilizokatwakatwa, vitunguu na pilipili hoho zikiwemo, kwa kikombe kimoja kamili cha siki. Kwa mfano, vikombe vinne vya mumunye, viwili vya vitunguu na viwili vya hoho huhitaji vikombe viwili vya siki, vikombe vitatu na nusu vya sukari, vijiko vinne vikubwa vya chumvi, vijiko viwili vidogo vya mbegu za haradali na manjano kidogo kwa ajili ya rangi. Mboga hunyunyiziwa chumvi, hufunikwa kwa maji baridi kwa saa mbili, kisha huchujwa na kukamuliwa kwa kitambaa safi hadi maji yaache kudondoka. Hatua hii hurukwa sana, na anayeiruka hujikuta ametia siki yenye asilimia 5 kwenye mboga ambayo maji yake yataizimua. Baada ya kukamua, siki, sukari na viungo huchemshwa kwanza, mboga huingizwa, na vyote huchemka taratibu kwa dakika kumi. Sufuria iwe ya chuma kisichoshika kutu, kwa kuwa siki hula sufuria za alumini.

Kabla ya yote hayo, onja kipande kidogo cha kila mumunye na ukiteme. Likiwa chungu, litupe lote. Uchungu huo unatokana na kemikali ziitwazo kukabitasini, ambazo huleta tumbo kali na kutapika, na haziondoki kwa kuchemsha wala kwa chumvi, hata kama bibi alisema vinginevyo.

Achari hujazwa ikiwa bado ya moto katika chupa za kioo zilizochemshwa, ikiachwa nafasi ya sentimita moja hivi chini ya mdomo, mdomo unafutwa, kifuniko kipya kinafungwa, kisha chupa zinazamishwa katika maji yanayochemka yakizifunika kabisa. Muda wa kuchemsha ndipo watu wa Dodoma wanapokosea bila kujua. Maelekezo mengi yanayozunguka kwenye simu husema dakika kumi, na ni sahihi kwa chupa ndogo za mililita 250 kwa mtu aliye Dar es Salaam au Tanga. Dodoma ipo mita zipatazo 1,100 juu ya usawa wa bahari, na maji yetu huchemka kwenye nyuzi 96 hivi, si 100. Yanatokota kwa kishindo kile kile, mvuke ni ule ule, ila joto ni pungufu. Kwa hiyo hapa muda usipungue dakika 15. Kondoa na Singida, ambako ni juu zaidi, wasiuguse kuupunguza, na mimi binafsi huwaelekeza wote wachemshe dakika 20, kwani achari haidhuriki kwa dakika tano za ziada. Hesabu ianze maji yakishatokota, si sufuria inapowekwa jikoni. Kugeuza chupa juu chini badala ya kuichemsha hakukubaliki, na tumeshalisema hili katika kila mafunzo.

Chupa ikishapoa, katikati ya kifuniko panapaswa kuwa pamebonyea. Ukibonyeza kwa kidole na pakarudi pakialika, chupa hiyo haikufunga. Iweke kwenye jokofu na uitumie mapema. Zilizofunga vizuri huwekwa mahali penye giza na ubaridi na hubaki na ubora wake kwa mwaka mmoja. Kwa nyumba isiyo na jokofu, ushauri wetu ni kutumia chupa ndogo kabisa zinazomalizwa siku chache baada ya kufunguliwa.

Ieleweke pia kwamba ile “dawa ya kuhifadhia” inayouzwa sokoni kwenye vifuko visivyo na maandishi haiwezi kuchukua nafasi ya siki. Ikiwa kweli ni benzoeti ya sodiamu, hufanya kazi tu ndani ya chakula chenye uchachu, na kiasi chake kina kikomo kilichowekwa na viwango. Ikiwa si benzoeti, basi hujui unawalisha nini watu.

Kwa anayetengeneza kwa ajili ya familia yake, hakuna kibali kinachohitajika, na wale wanaotupigia simu kuuliza kama wanaweza kukamatwa kwa kumpa jirani chupa moja wasiwe na wasiwasi. Sheria huanza pale unapouza, na kuuza ni kuuza, iwe kwenye meza Soko la Majengo, iwe kwenye kundi la WhatsApp. Tangu mwaka 2019, majukumu ya usalama wa chakula yaliyokuwa chini ya iliyokuwa Mamlaka ya Chakula na Dawa (TFDA) yalihamia Shirika la Viwango Tanzania (TBS), na bado tunapokea barua zilizoelekezwa kwa mamlaka ambayo haishughuliki tena na chakula. Mjasiriamali mdogo huanza kwa kupata barua ya utambulisho kutoka SIDO, shirika la kuhudumia viwanda vidogo, kisha huwasilisha maombi TBS ya kusajili jengo na ya kupata leseni ya kutumia alama ya ubora. Wakaguzi hufika, hukagua jengo, maji, vyombo na watu, huchukua sampuli na kuipeleka maabara. Jengo la uzalishaji haliwezi kuwa jiko la familia ambamo kuku hupita na watoto hulala. Chumba kiwe na kazi hiyo peke yake, sakafu inayosafishika, madirisha yenye wavu na mahali pa kunawia mikono. Wanaoshika chakula hupimwa afya mara kwa mara na vyeti vyao huwekwa mahali mkaguzi anapoviona, si nyumbani kwa mwenyekiti wa kikundi. Kwa mjasiriamali mdogo aliyepitia SIDO, huduma ya alama ya ubora hutolewa bila malipo katika miaka mitatu ya mwanzo, kwa hiyo kisingizio cha gharama hatukipokei kirahisi.

Lebo ionyeshe jina la bidhaa, viambato kuanzia kilicho kingi hadi kilicho kidogo, uzito halisi, tarehe ya kutengenezwa na ya mwisho wa matumizi, namba ya toleo (inayotambulisha chupa zilizotengenezwa pamoja), anuani ya mtengenezaji na namna ya kuhifadhi. Namba ya toleo ndiyo inayodharauliwa kuliko zote, na ndiyo itakayokuokoa: chupa moja ikiharibika na huna namba, tutalazimika kuziondoa zote sokoni, nzuri na mbaya.

Kubandika alama ya ubora bila leseni ni kosa lenyewe, hata kama achari yako ni nzuri kuliko zote mkoani. Mkaguzi anayekuta bidhaa isiyosajiliwa ana mamlaka ya kuizuia, kuichukua na kuamuru iteketezwe kwa gharama za mwenyewe. Anaweza kulifunga jengo. Na shauri likifika mahakamani, adhabu ni faini au kifungo, au vyote kwa pamoja. Hatufurahii kufika huko. Mara nyingi tunaanza kwa maelekezo ya maandishi yenye muda wa kurekebisha, na tunaomba karatasi hiyo isichukuliwe kuwa ni barua ya kirafiki.

Aliye na chupa iliyovimba, inayovuja au iliyorusha povu asiifungue, asiionje na asimpe mbwa wala kuku. Aifunge ndani ya mifuko miwili ya plastiki na kuifukia mbali na kisima, kisha asafishe mahali ilipokuwa kwa maji yenye dawa ya klorini na anawe mikono kwa sabuni. Aliyekwisha kula, akaanza kuona vitu viwili viwili, kope kulegea, ulimi kuwa mzito au kumeza kwa shida, apelekwe hospitali siku hiyo hiyo, na ndugu zake wamweleze daktari kwamba alikula achari ya chupa na aliila lini.

Yule mama wa Hombolo aliondoka na chupa mbili tupu za kioo, vifuniko vipya na karatasi yenye vipimo. Wiki tatu baadaye alirudi na achari iliyosoma 3.8 kwenye kipimo chetu. Alikuwa amepunguza sukari, siki hakuigusa.