Je, wajua kwanini wahalifu wengi huja kuacha uhalifu wenyewe?

Tunasema samaki mkunje angali mbichi, yani mtoto akishaharibika ndo basi tena. Sasa kuna data za Boston, Marekani, zinabisha kabisa.

Iko hivi, kuanzia kama 1940 Sheldon Glueck na mkewe Eleanor, wasomi wa Harvard, walichukua vijana wa kiume 500 waliokuwa shule za maadilisho na wengine 500 wasio na kesi, wote wa mitaa ya kimaskini, wakawafuatilia mpaka wakafika miaka 32. Baadae makaratasi yakaishia kwenye maboksi chini kabisa ya maktaba ya sheria pale Harvard, mpaka miaka ya 1980 watafiti wa uhalifu John Laub na Robert Sampson wakayaibua wakaanza kuyaingiza kwenye kompyuta, na haikuishia hapo, wakawasaka wale waliokuwa shule za maadilisho, sasa wakiwa wazee wa kukaribia 70, wakahojiana na 52 kati yao.

Wakakuta nini? Ukisoma faili la utotoni huwezi kujua nani ataacha. Vijana wawili rekodi chafu zinafanana, mmoja kaendelea mpaka uzeeni, mwenzie alishatulia kitambo. Kilichowatofautisha kilikuja ukubwani: ndoa, kazi ya kudumu, jeshi.

Ndoa hapa sio mambo ya mapenzi tu, ratiba nzima inabadilika, masela wa kijiweni wanapungua halafu kuna mtu anakuuliza saa nane usiku umetoka wapi. Walipomlinganisha mtu na yeye mwenyewe, akiwa kwenye ndoa na akiwa hana, uwezekano wa kufanya kosa ulishuka kama asilimia 35! Kwahiyo wale mama wanaosema "muozesheni atatulia" hawabahatishi sana, ila ndoa yenyewe iwe ya kueleweka. Jeshi nalo lilimtoa mtu mtaani, na baada ya vita kuu ya pili serikali ikawasomesha maaskari, tena waliokuwa watukutu ndo walinufaika zaidi.

Jela je? Kufungwa muda mrefu kulikuwa kunaharibu nafasi ya kupata kazi ya maana, na bila kazi mtu anarudi kulekule.

Laub na Sampson walipewa tuzo ya Stockholm ya kriminolojia, yani elimu ya uhalifu, 2011, sawa, ila kumbuka wale wote walikuwa wanaume wazungu wa enzi za viwanda. Marekani ya leo waajiri wengi wanakagua rekodi yako ya uhalifu kwenye kompyuta kabla ya kukuajiri, hapo hiyo njia ya kazi imebana kwelikweli.