Washington hakuwaacha huru watumwa wote wa Mount Vernon

Nimefundisha historia ya Marekani kwa miaka mingi kiasi cha kulijua kosa kabla mwanafunzi hajamaliza kulisema. Juma lililopita lilijitokeza tena, safari hii ndani ya insha ambayo kwa mengine yote ilikuwa nzuri: kwamba George Washington, tofauti na matajiri wenzake wa Virginia, aliwaacha huru watumwa wake wote kabla ya kufa. Katika sentensi hiyo neno "kabla" halisimami, neno "wote" linapotosha, na neno "wake" ndilo linaloficha jambo zima.

Tuanze na hesabu, kwa kuwa Washington mwenyewe, aliyeanza maisha kama mpima ardhi na kubaki mtu wa madaftari hadi mwisho, alituachia hesabu hiyo. Mwaka 1799 aliorodhesha watu waliokuwa utumwani katika mashamba yake matano ya Mount Vernon, kwa majina, kazi na ndoa zao. Walikuwa 317. Kati yao 123 walikuwa mali yake kisheria, 153 walikuwa wa mirathi ya Custis, na waliobaki walikodiwa kutoka kwa majirani.

Hapo kwenye mirathi ya Custis ndipo wanafunzi wangu wanapopita mbio. Martha, aliyeolewa na Washington Januari 1759, alikuwa mjane wa Daniel Parke Custis, tajiri aliyefariki mwaka 1757 bila kuacha wosia. Sheria ya Virginia ilimpa mjane matumizi ya theluthi moja ya mali ya marehemu, watumwa wakiwemo, kwa muda wa uhai wake tu. Hakuwa na ruhusa ya kuwauza wala ya kuwaandikia uhuru, na akifa walirudi kwa warithi wa damu ya Custis. Yeyote aliyewahi kukaa katika kikao cha mirathi anajua kwamba mjane kuishi ndani ya nyumba ya marehemu si sawa na kuwa na hati ya nyumba hiyo. Washington, kama mume wa pili, alisimamia na kunufaika, lakini hakumiliki.

Tena mtoto alifuata hali ya mama yake. Hercules, mpishi mkuu wa Rais, alikuwa wa Washington. Mkewe Alice alikuwa wa Custis, na kwa hiyo watoto wao walikuwa wa Custis. Hercules alitoroka tarehe 22 Februari 1797, siku ambayo bwana wake alitimiza miaka 65. Miezi miwili baadaye mtumishi wa mgeni mmoja kutoka Ufaransa, Louis-Philippe, aliyekuja kuwa mfalme wa nchi hiyo, alimuuliza binti mdogo wa Hercules kama hahuzuniki kwamba huenda asimwone baba yake tena, naye akajibu kwamba amefurahi sana kwa kuwa sasa baba yake yuko huru. Wosia wa Washington ulikuja kumhesabu Hercules miongoni mwa walioachwa huru, ingawa alikwisha kujiacha huru mwenyewe. Binti yule haukumgusa.

Na wosia wenyewe unasema nini? Nawasihi wanafunzi wangu kila mwaka wausome, nao kila mwaka wanasoma muhtasari wake. Una kurasa 29, aliuandika kwa mkono wake bila kumtumia mwanasheria, na tarehe yake ni 9 Julai 1799. Aliagiza kwamba watumwa wake wapate uhuru baada ya kifo cha Martha, akieleza kuwa kuwaachia mapema kungeleta matatizo makubwa kwa sababu walikwisha kuoana na wale wa Custis. Wazee na wagonjwa walishwe na kuvishwa na warithi, na watoto wasio na wazazi wafundishwe kusoma, kuandika na kazi ya mikono hadi wafikishe miaka 25. Mmoja tu, William Lee, aliyekuwa naye bega kwa bega muda wote wa vita vya uhuru, alipewa uhuru wa papo hapo pamoja na dola 30 kila mwaka.

Siku ya kufa kwake, 14 Desemba 1799, Washington alimwomba mkewe amletee wosia mbili kutoka mezani, akachagua mmoja uchomwe moto na mwingine utunzwe. Uliotunzwa ulimwacha Martha katika hali ya ajabu: uhuru wa watu zaidi ya mia moja ulisubiri pumzi yake ya mwisho, na wengine kati ya watu hao ndio waliompikia na kumwashia moto. Abigail Adams, mke wa Rais aliyefuata, aliandika baada ya kumtembelea kwamba mama huyo hakujiona salama mikononi mwao. Desemba 1800 Martha alitia saini hati ya uhuru, nao wakatoka tarehe 1 Januari 1801. Alipofariki Mei 1802, watu wa mirathi ya Custis waligawanywa kwa wajukuu wake wanne, na familia zikatawanyika.

Sisemi kwamba wosia ule ulikuwa bure. Wakubwa wachache wa Virginia walithubutu kufanya kama yeye, na mali yake iliendelea kuwalipia matunzo wazee hadi mwaka 1833. Lakini anayetaka kumsifu ampime pia kwa aliyoyafanya akiwa na afya na madaraka. Alipokuwa Rais mjini Philadelphia, sheria ya Pennsylvania ya mwaka 1780 ilimruhusu mtumwa wa mgeni aliyekaa humo miezi sita mfululizo kudai uhuru wake. Washington aliwahamisha watumwa wake kwa zamu ili muda huo usitimie, na mwaka 1791 alimwandikia katibu wake kwamba jambo hilo lifanywe kwa kisingizio kitakachowahadaa wao na umma. Mwaka 1793 alitia saini sheria ya kuwarudisha watoro. Ona Judge, mtumishi wa Martha, aliondoka nyumbani kwa Rais Mei 1796 wakati familia ikila chakula, akafika New Hampshire, na Rais akajaribu zaidi ya mara moja kumrudisha. Alifariki huko mwaka 1848 akiwa, kwa mujibu wa sheria, bado mali ya Custis.

Mengine nitayapitia upesi. Meno yake hayakuwa ya mbao. Yalitengenezwa kwa pembe za ndovu, meno ya kiboko, madini na meno ya binadamu, na daftari lake la Mei 1784 linaonyesha malipo ya pauni 6 na shilingi 2 kwa "Negroes", yaani watu weusi, kwa ajili ya meno tisa. Kisa cha mcheri alioukata utotoni kilipachikwa na mwandishi mmoja wa wasifu baada ya kifo chake, na sioni sababu ya kukijadili.

Wapo pia wanaoamini kwamba alikuwa askari mtupu aliyevutwa kwenye siasa baada ya vita vya uhuru. Aligombea ubunge wa koloni la Virginia kwa mara ya kwanza mwaka 1755 akashindwa. Mwaka 1758, akiwa bado kanali, aligombea tena, na safari hii wapiga kura walinyweshwa kama galoni 160 za pombe za kila aina kwa gharama yake. Msomaji wa Tanzania anayekumbuka mjadala wa takrima hahitaji maelezo zaidi. Alishinda, akakaa bungeni zaidi ya miaka kumi na mitano kabla ya kukabidhiwa jeshi mwaka 1775.

Wala katiba haikumzuia kugombea kipindi cha tatu. Aliondoka mwaka 1797 kwa hiari. Ukomo wa vipindi viwili uliingia katika katiba ya Marekani mwaka 1951, baada ya Franklin Roosevelt kuchaguliwa mara nne.

Mwisho ni utajiri wake, ambao watu huudhania kuwa wa fedha taslimu. Alikuwa na ardhi tele, mfukoni mkavu. Mwaka 1789, alipohitajika New York kuapishwa kuwa Rais wa kwanza, ilimbidi amwombe mfanyabiashara wa Alexandria mkopo wa pauni 500 ili alipe madeni yake, kisha akamrudia kuomba pauni 100 nyingine za nauli.