Kanisa la Chokaa Jangwani: San Xavier del Bac na Mikono Iliyolijenga

Malindi, hatua chache kutoka baharini, kuna kikanisa cha Wareno chenye paa la makuti na makaburi ya zamani uani. Mwaka 1542 padri Francis Xavier, mzaliwa wa Navarra, alipita Malindi akiwa njiani kwenda Goa, na mtu mmoja wa merikebu yao akazikwa hapo. Miaka 150 baadaye, upande wa pili wa dunia, kijiji kimoja cha jangwani kilipewa jina la padri huyo, ingawa yeye mwenyewe hakuwahi kukanyaga bara la Amerika. Kazi yangu ni kuhifadhi majengo ya kale, na kila ninapofundisha habari za chokaa naanza na kanisa la kijiji hicho.

Linaitwa San Xavier del Bac. Liko kusini kidogo mwa Tucson, jimbo la Arizona, Marekani, ndani ya ardhi ya watu wa Tohono O'odham, wenyeji wa asili wa jangwa hilo. Jangwa la Sonora lina rangi ya kahawia na kijani kilichofifia, basi kanisa lenyewe, jeupe pe, huonekana kutoka mbali sana. Ndiyo maana wenyeji wa Arizona wakaliita Njiwa Mweupe wa Jangwani. Neno Bac ni jinsi Wahispania walivyoyasikia matamshi ya Wa:k, jina la Ki-O'odham la mahali ambapo maji ya mto hujitokeza. Kijiji kilikuwapo kabla ya msalaba. Watu walilima hapo kwa sababu ya mto Santa Cruz, na padri naye alifuata watu walipo.

Padri huyo wa kwanza alikuwa Eusebio Francisco Kino, Mjesuiti, yaani padri wa shirika mojawapo la Kikatoliki, aliyezaliwa mwaka 1645 katika milima ya Tirol. Alifika Bac mwaka 1692. Alikuwa mchoraji hodari wa ramani, na aliwaletea Wa-O'odham ng'ombe na mbegu za ngano. Msingi wa kanisa aliouanzisha mwaka 1700 haukufika mbali. Alifariki mwaka 1711. Mwaka 1767 mfalme Carlos wa Tatu aliwafukuza Wajesuiti katika himaya yote ya Uhispania, na mwaka uliofuata wakaja Wafransisko, mapadri wa shirika jingine, kushika nafasi zao.

Sipendi kusimulia historia hii kama hadithi ya mapadri wema peke yake. Misheni ilikuwa pia mkono wa dola. Iliwakusanya watu mahali pamoja, ikawafanyisha kazi, na pamoja na ngano yalikuja maradhi ambayo miili ya wenyeji haikuyazoea. Wa-O'odham waliasi mwaka 1751. Kabla yao, kule New Mexico, mwaka 1680 wenyeji wa vijiji vya Pueblo waliungana, wakaua Wafransisko 21 na walowezi wapatao 400, wakawatimua Wahispania kwa miaka 12. Anayesimama Acoma, kimojawapo cha vijiji hivyo vya Pueblo, mbele ya kanisa la San Esteban del Rey lililoanza kujengwa mwaka 1629 juu ya mwamba mrefu, akumbuke kwamba udongo na magogo ya paa vilipandishwa huko kwa migongo ya watu. Magogo yenyewe yalitoka kwenye mlima ulio makumi ya kilomita kutoka hapo.

Acoma walijenga kwa mawe na matofali mabichi, yaani udongo uliochanganywa na majani makavu, ukakaushwa juani. Wahispania huyaita adobe, neno walilolipata kwa Waarabu, at-tub. Ni vifaa bora kwa jangwa: ukuta mnene hunyonya joto mchana na kulitoa taratibu usiku. Ila ukuta wa udongo hautaki kusahauliwa. Ranchos de Taos, New Mexico, waumini hukutana kila mwaka kulipaka kanisa lao udongo mpya, wazee kwa vijana.

San Xavier ni jengo la namna nyingine. Wafransisko wawili, Juan Bautista Velderrain na baada yake Juan Bautista Llorens, walilisimamisha kati ya mwaka 1783 na 1797, na fundi mkuu anatajwa kuwa Ignacio Gaona. Velderrain alikopa peso 7,000 kwa mfugaji mmoja wa Sonora, na rehani ilikuwa ngano ambayo bado haijavunwa. Wajenzi wengi walikuwa Wa-O'odham. Walichoma matofali, wakachoma chokaa, wakajenga kuta zenye nyuso mbili za matofali na kifusi cha mawe na chokaa katikati. Juu hakuna boriti. Kuna kuba, moja baada ya nyingine, zote za matofali. Kwa mafundi walio mbali vile na miji mikubwa ya Mexico, kuezeka kwa kuba ni ujasiri mkubwa. Kwenye mlango mmoja wa ndani pameandikwa jina la Pedro Bojórquez na mwaka 1797.

Lakini mnara wa mashariki haukupata kuba yake. Hadithi ni nyingi: kwamba fundi alianguka akafa, kwamba kanisa lisilokamilika halikutozwa kodi. Ya kodi haina msingi. Fedha kuisha ndiyo sababu inayoingia akilini zaidi, hasa kwa anayekumbuka deni lile la ngano.

Kutoka nje, minara miwili myeupe imeibana sehemu ya katikati yenye rangi ya udongo mwekundu, iliyojaa nakshi: mizabibu, makombe ya baharini, na nguzo ambazo ni nyembamba chini na kupanuka juu, mtindo uliopendwa sana Mexico katika Baroko, sanaa ya mapambo mengi, ya karne ya 18. Pembeni, juu ya nakshi mbili zilizojisokota, panya upande mmoja anatazamana na paka upande wa pili. Wazee husema siku paka akimkamata panya, dunia imekwisha.

Ndani ndiko ninakokupenda zaidi. Jicho linapozoea kiza unaona dhahabu, sanamu za watakatifu na malaika kila pembe, na ukuta wa madhabahu uliopanda hadi juu. Ukikaribia unagundua jambo. Ile marumaru ni rangi. Vigae vilivyozunguka sehemu ya chini ya kuta ni rangi. Hata mlango mmoja ni mchoro tu. Ukuta wote wa madhabahu ni matofali na lipu, ukachongwa, ukapakwa rangi na kupambwa kwa dhahabu. Sanamu nyingi zilichongwa Mexico na kusafirishwa nchi kavu, na nyingine zimevikwa nguo halisi zilizokakamazwa kwa lipu laini. Kamba ya Mtakatifu Fransisko, ile wanayojifunga mapadri wake kiunoni, imefinyangwa kwa lipu na kuzunguka kuta za kanisa zima. Wapo wanaoiita kazi hii udanganyifu wa maskini, na mimi sikubaliani nao. Fundi aliyekosa marumaru akaitengeneza kwa brashi alijua vizuri marumaru inavyopaswa kuonekana.

Mexico, ambayo wakati huo eneo hili lilikuwa sehemu yake, ilipojitawala mwaka 1821 misheni hizi zilianza kukosa fedha na mapadri, na mwaka 1837 San Xavier ikabaki bila padri mkazi. Wa-O'odham wa kijijini walichukua vyombo vya ibada wakavitunza majumbani mwao. Mwaka 1854 ardhi hiyo ikaingia Marekani kwa mkataba wa mauziano. Tetemeko la mwaka 1887 liliharibu sehemu za jengo, zikaja kukarabatiwa mwanzoni mwa karne ya 20.

Halafu ikaja saruji. Nalieleza hili kwa kirefu kwa sababu wale walioipaka walikuwa na nia njema kabisa. Waliona lipu ya chokaa inabanduka, wakadhani inahitaji kitu kigumu zaidi. Chokaa hupitisha unyevu: maji yakiingia ukutani, jua na upepo huyatoa. Saruji haifanyi hivyo. Tena ni ngumu kuliko tofali lililo nyuma yake, kwa hiyo joto la jangwa linapoitanua na kuisinyaza hupasuka, maji hupenya kwenye ufa na hayapati pa kutokea isipokuwa ndani. Na ndani ndiko kuliko na michoro. Waliowahi kukarabati nyumba za Mji Mkongwe wa Unguja watalitambua tatizo hili bila mimi kuwafafanulia.

Kati ya mwaka 1992 na 1997 timu ya kimataifa ya wahifadhi, ikiongozwa na Paul Schwartzbaum, ilisafisha masizi ya mishumaa ya karne mbili na kuimarisha rangi zilizokuwa zikibanduka. Walifanya jambo lililonigusa kuliko yote: waliwachukua vijana wa Ki-O'odham kuwa wanagenzi, wakawafundisha kutunza kazi ya mababu zao. Nje, mafundi waliibandua saruji wakarudisha chokaa, na ndani ya chokaa wakatia utomvu wa mpungate, ile kakati yenye vipande bapa na miiba inayoota kila mahali jangwani. Vipande hulowekwa au kuchemshwa hadi vitoe ute kama wa bamia. Ute huo huifanya lipu iwe laini mkononi, ikauke polepole bila kupasuka, na isinywe maji ya mvua kwa pupa. Ni maarifa ya kale ya Mexico.

Upande wa kushoto wa madhabahu imelazwa sanamu ya mbao, imefunikwa blanketi. Inaaminika ilichongwa kuwa Yesu kaburini, lakini kwa Wa-O'odham na Wamexico wanaokuja kuhiji, huyo ni Francis Xavier. Humwinua kichwa taratibu kwa kiganja, na husemwa asiyeweza kukiinua ana jambo la kutubu. Kisha hubandika kwenye blanketi, kwa pini, walichokuja nacho: mguu mdogo wa bati, picha ya mtoto, mkanda wa plastiki uliotoka mkononi mwa mgonjwa wodini.