Shirley Eaton hakuuawa na rangi ya dhahabu
Kwa miongo mingi imesimuliwa kwamba Shirley Eaton, mwigizaji Mwingereza aliyelala kifudifudi kitandani akiwa amepakwa rangi ya dhahabu katika filamu ya Goldfinger ya mwaka 1964, alifia studioni kwa sababu ngozi yake ilikosa hewa. Aliyekufa ni mhusika wake, Jill Masterson, na maelezo hayo ya ngozi kukosa hewa yanatolewa na James Bond mwenyewe, jasusi ambaye ndiye mhusika mkuu, ndani ya filamu. Binadamu hupumua kwa mapafu. Hatari halisi ya rangi nzito ni kuzuia jasho, joto la mwili likapanda. Eaton, aliyekwishazoeleka kwa nafasi za pembeni katika vichekesho vya Carry On na mfululizo wa televisheni wa The Saint, aliendelea kuigiza (kazi isiyomfaa marehemu) hadi mwishoni mwa miaka ya 1960, alipoacha kwa hiari ili alee wanawe.