Je, wajua? Kuzimu ya Buganda ina anwani

Ukishika barabara ya Kampala kwenda Mityana, ndani ya Buganda, ufalme wa kale nchini Uganda, unaweza kufika nyumbani kwa Mauti. Jina lake Walumbe, makao yake Tanda, na taksi za njia hiyo hupakia kila siku. Walumbe, kwa mujibu wa hadithi, alimfuata dada yake Nambi aliyeolewa na Kintu, mtu wa kwanza wa Buganda, akaanza kuwaua watoto wao. Ndugu yao Kayikuzi akatumwa kumkamata, naye kila Walumbe alipozama ardhini, Kayikuzi akachimba. Mashimo ya Tanda ndiyo huonyeshwa kuwa alama za msako huo, na hadi leo watu huenda kutambika pale.

Sasa, nchi ambayo hakuna aliyeiona inawekwaje kwenye ramani?

Jibu ambalo wengi wetu tunalo kichwani ni la tabaka tatu: mbingu juu, sisi katikati, kuzimu chini. Limenyooka, linachoreka kwa kalamu moja, na kwa Buganda halifai. Mukasa, lubaale (mungu) wa ziwa, hakai juu wala chini. Hekalu lake kuu lilikuwa Bubembe, katika visiwa vya Ssese. Kibuka wa vita alikuwa Mbaale, Mawokota. Wamala, mmoja wa Bacwezi, watawala wa hadithi waliohesabiwa kama miungu, alitokomea katika ziwa ambalo leo lina jina lake, na Nakayima yuko kilima cha Mubende, penye mti mkubwa ambao mizizi yake imejitokeza kama kuta. Kutoka kwa mmoja hadi mwingine hupandi wala hushuki. Unavuka maji kwa mtumbwi, kisha unatembea. Ghaibu ya Waganda imelala ubavuni mwa nchi hii hii, na umbali wake ulipimwa kwa siku za safari.

Kuna atakayeuliza: na Ggulu, baba yake Nambi, si yuko juu? Yuko, na hakuna wa kumshusha. Ila hadithi ya Kintu imetufikia kwa kalamu za watu waliokwisha kubatizwa: Apolo Kaggwa, katikkiro (waziri mkuu wa Buganda) na Mprotestanti, na mmisionari John Roscoe, ambaye kitabu chake juu ya Baganda kilitoka 1911. Mbingu ya Ggulu ni ya kale kiasi gani, na Biblia imeipaka rangi kiasi gani, ni vigumu kutenganisha. Hata hivyo Walumbe mwenyewe, aliye chini ya ardhi kweli, ana mlango, na mlango huo una njia ya kuufikia.

Wengine hudhani kwamba lazima kuna mganga aliyeificha ramani ya namna hii, imechorwa kwenye ngozi. Karatasi haikuhitajika, kwa sababu ramani iliwekwa ndani ya vyeo vya watu. Mwambie dereva wa bodaboda Kampala akupeleke steji ya Mwembeni. Atakufikisha hata kama mwembe wenyewe ulikatwa zamani, kwa kuwa jina halishikwi na mti tena. Linashikwa na madereva wanaoegesha pale, kila mmoja na zamu yake, na akiondoka mmoja nafasi yake inajazwa. Waondoe wote, na haitachukua muda kabla watu hawajaanza kubishana Mwembeni ilikuwa wapi. Waache, na mwembe utazidi kuwapo bila jani hata moja.

Kasubi, kilima cha Kampala chenye makaburi ya wafalme, ni steji ya namna hiyo. Muteesa I alijenga pale ikulu mwaka 1882, akazikwa humo 1884, na baada yake wakaletwa Mwanga II, Daudi Chwa II na Muteesa II. Ndani unavua viatu na kukaa kwenye mikeka. Mbele yako kuna mikuki na picha za wafalme wanne, na nyuma yake limening'inia pazia la nguo ya gome la mutuba. Nyuma ya pazia ni kibira, yaani msitu. Hakuna mti hata mmoja huko. Lakini Kabaka, yaani mfalme wa Buganda, hafi, huingia msituni, na msitu huo una mpaka ambao mgeni havuki.

Na madereva wa steji wapo. Kabaka aliyeingia msituni hubaki na watumishi wake: ana katikkiro wake, ana dada wa kifalme anayeitwa nalinnya, ana wajane. Mjane akifariki, ukoo wake hutoa mwanamke mwingine wa kushika nafasi yake. Kwa hiyo Muteesa I, aliyefariki karne moja na nusu iliyopita kasoro miaka kadhaa, bado ana wake nyumbani. Ofisi nyingi za serikali hazijui kujaza nafasi kwa uaminifu huo.

Wafalme wa kabla yake walikuwa na anwani mbili. Taya la Kabaka lilitolewa, likapambwa na kuwekewa hekalu lake, mwili ukalala kwingine. Muteesa I ndiye wa kwanza kuzikwa na taya lake. Mahekalu hayo yametapakaa Busiro, na baadhi ya wasomi wameyafuata moja baada ya jingine kama orodha ya wafalme iliyoandikwa juu ya vilima. Hapo inafaa kwenda polepole. Hekalu linathibitisha kwamba kuna watu waliolitunza. Halithibitishi kwamba mfalme huyo aliishi, maana hadithi ikitangulia, hekalu linaweza kujengwa baadaye.

Tarehe 16 Machi 2010 nyumba kuu ya Kasubi iliteketea. UNESCO, iliyokuwa imeiorodhesha 2001, iliiweka kwenye urithi ulio hatarini, ikaitoa huko 2023 baada ya ujenzi mpya. Paa liliungua, pazia likaungua. Vyeo havikuungua, na msitu ukabaki pale pale.

Pigo zito zaidi kwa ramani hii lilikuwa la wino. Mkataba wa 1900 kati ya Buganda na Waingereza uliigawa ardhi ya Buganda kwa maili za mraba, na machifu na watu mashuhuri wakatengewa 8,000. Kwenye karatasi za wapimaji, kilima chenye makaburi ya mababu wa ukoo kilikuwa ekari tu. Bataka, wakuu wa koo, walijikuta wafu wao wakilala katika shamba la mtu mwingine. Walilalamika hadi ikaundwa tume mwaka 1924, lakini 1926 London ikaamua mgawo usiguswe. Kaggwa, yule yule aliyeziandika habari za koo kwa bidii kubwa, alikuwa mmoja wa wasimamizi watatu wa ufalme waliotia saini mkataba na kupata ardhi kubwa.

Ndiyo maana mnunuzi makini wa kiwanja huko Wakiso, kabla ya kuomba kuona hati, huuliza kama kuna makaburi.