Nyatiti haijawahi kuwa "nje ya toni"

Wapo wanaosema kwamba nyatiti, kinubi cha Wajaluo wa Kenya, haifai muziki wa filamu kwa sababu haipatani na kinanda. Si kweli. Nyuzi zake nane hukazwa kwa sikio, zimfuate mwimbaji. Mtunzi akimlazimisha mpigaji azikaze zaidi ili zilingane na kinanda, atapata uzi uliokatika au sauti kavu isiyovuma. Rekodi nyatiti kwanza, kisha urekebishe kinanda noti moja moja kiifuate. Kinanda cha kompyuta hakiumii.

Kazi ngumu hasa iko mguuni. Pete ya chuma anayovaa mpigaji kwenye kidole gumba cha mguu hugonga ubao wa nyatiti, na mlio huo mkali hufunika maneno ya waigizaji. Iwekee maikrofoni yake, chini karibu na mguu. Hutaitenga kabisa, maana inagonga chombo chenyewe, lakini utaweza kuipunguza watu wanapozungumza.

Kwenye filamu ya picha 24 kwa sekunde, kwa mwendo wa mapigo 90 kwa dakika, kila pigo huchukua picha 16 kamili. Ukitaka pigo litue mlango unapofungwa, anzia hapo uhesabu kurudi nyuma, 16 kwa 16.