Je, wajua kwa nini mjukuu wa wahamiaji wa Ayalandi ndiye aliyewatungia Wamarekani nyimbo zao za uzalendo?

Mjukuu huyo ni George M. Cohan, mtunzi na mwigizaji, aliyezaliwa Providence, jimbo la Rhode Island, mwaka 1878. Hati yake ya ubatizo inasema tarehe 3 Julai, lakini kwao walishikilia kuwa ni tarehe 4, sikukuu ya uhuru wa Marekani. Tofauti ni siku moja tu, ila inaonyesha familia hii ilitaka ihesabiwe upande gani. Waayalandi waliokimbilia Marekani karne ya 19 walidharauliwa mno. Walikuwa maskini na Wakatoliki, na jukwaani waliigizwa kama walevi na wagomvi.

Jukwaa hilohilo ndilo lililomlea. Yeye, baba yake Jerry, mama yake Nellie na dada yake Josie walizunguka mji hadi mji wakiimba, wakicheza na kuchekesha watu kwa jina la The Four Cohans. Shule hakuisoma sana. Alichokijua tangu utotoni ni kile kinachowainua watazamaji vitini.

Tazama mchezo wake wa muziki, Little Johnny Jones, wa 1904. Hadithi, maneno na muziki alitunga mwenyewe, na mhusika mkuu aliigiza mwenyewe. Mpanda farasi Mmarekani anakwenda kushindana Uingereza, anasingiziwa kuuza mbio, yaani kushindwa makusudi. Meli ya wenzake inang'oa nanga Southampton, naye anabaki gatini usiku, akisubiri fataki irushwe kutoka melini iwe ishara kwamba ushahidi wa kumsafisha umepatikana. Hapo anaimba "Give My Regards to Broadway", yaani nisalimieni Broadway, mtaa wa kumbi za maonyesho New York, kwa huzuni. Fataki inapaa, na wimbo uleule unarudi kwa shangwe, miguu ikicheza. Zama hizo kumbi za New York zilipenda sana michezo ya mtindo wa Ulaya, yenye wana wa wafalme wa kubuni. Cohan alimleta kijana wa kawaida anayeongea lugha ya mtaani. Kwangu mimi, hilo lina uzito kuliko bendera zote alizopeperusha.

Aprili 1917 Marekani ilipoingia Vita Kuu ya Kwanza, akatunga "Over There". Kiitikio chake kimejengwa juu ya noti tatu zinazoiga mlio wa tarumbeta ya jeshi, kwa hiyo askari aliunasa upesi hata kama hakuwahi kufundishwa muziki. Mwaka 1936 Bunge la Marekani liliidhinisha atunukiwe medali ya dhahabu kwa wimbo huo na ule wa bendera, "You're a Grand Old Flag". Alikuwa msanii wa kwanza kupewa heshima hiyo.

Lakini waigizaji wenzake walikuwa na sababu ya kumnung'unikia. Walipogoma mwaka 1919, wakidai pamoja na mengine walipwe kwa siku za mazoezi, Cohan, ambaye sasa alikuwa pia mwenye maonyesho, alisimama na matajiri waliowaajiri. Wagomaji walishinda. Yeye aliendelea kuigiza kwa miaka mingi, lakini chama cha waigizaji hakujiunga nacho kamwe, hadi akafariki mwaka 1942.